Chumvi Mgongoni mwa Bosi

Fundi cherehani aliporudi kutoka kazini alimkuta mumewe anachekacheka mbele ya tangi la samaki, mfuko mtupu wa plastiki mkononi.

"Nimemletea Bosi wenzake. Mpweke mno huyu."

Bosi alikuwa samaki wa rangi ya chungwa, mnene, mwenye maringo. Mtoto wao ndiye aliyempa jina na kumzoesha kula kidoleni. Mtoto alishazikwa, lakini Bosi bado alikifuata kila kidole kilichogusa maji.

"Umewamwaga humohumo? Ndoo ya wageni hukuiona?"

Kila samaki mgeni alikaa kwanza kwenye ndoo ile kwa wiki kadhaa, mpaka ijulikane hana maradhi. Hata mume mwenyewe, aliyerudi juzijuzi kuomba msamaha baada ya kuitoroka nyumba, alikuwa akilala kwenye kochi, begi lake halijafunguliwa. Fundi hakuwa mtu wa kuharakishwa.

Haukupita muda, Bosi akatokwa na vidoa vyeupe, kama aliyenyunyiziwa chumvi, akawa anajikwaruza kwenye changarawe.

"Nitamtibu mimi," mume alisema kwa unyonge. "Niamini, mke wangu."

Fundi alimeza hasira, akamwelekeza namna ya kuongeza joto la maji na kupima dawa. "Na unisikilize vizuri. Vidoa vikitoweka, usiache dawa. Vimelea vinakuwa vimeanguka chini tu, vinazaliana kwenye changarawe. Vikitoka huko kutafuta samaki, ndipo dawa inaviua. Ukiacha mapema, vitarudi kwa kishindo."

"Nimekuelewa."

Alijitahidi, tusimnyime haki yake. Alikodolea kioo macho kutwa nzima kama mlinzi wa benki. Vidoa vikatoweka, Bosi akala tena kidoleni, na moyo wa fundi ukalegea. Akampa mumewe nafasi kabatini, akamtundikia mashati kwa mkono wake mwenyewe.

"Dawa je?" alimuuliza.

"Mambo shwari, usiwe na wasiwasi."

Kumbe bwana mkubwa alishafunga chupa, akazima hita, na sasa alikuwa akishinda kwa marafiki zake, kifua mbele. Fundi alipokuja kushtuka, Bosi alikuwa mweupe hadi kwenye mapezi, anatweta juu ya maji. Dawa haikumfaa tena. Alikufa mdomo wazi.

"Lakini alishapona," mume alisema. "Nilimwona kwa macho yangu."

Fundi aliyajua maneno yale. Ndiyo aliyoyasema homa ya mtoto ilipotulia mara ya kwanza, kisha akaenda zake. Homa iliporudi, fundi alikuwa peke yake wodini, na simu ya mumewe haikupatikana.

Alimtoa Bosi kwa viganja, akamfunga kwenye kitambaa safi. Kisha akaenda kabatini, akateremsha mashati, akayakunja kwa uangalifu kama ya mteja, akayarudisha begini.

"Yaani unanifukuza kwa sababu ya samaki?"

"Ndiyo," fundi alisema, akimfungulia mlango. "Kwa sababu ya samaki."