Gauni Lisilojua Kukaa

Jumatano mchana, siku tatu kabla ya harusi, fundi kijana wa kushona ambaye mtaa mzima ulimwita Sindano alipita nyumbani kwa dada yake pacha, bibi harusi mwenyewe, kuchukua viatu vyake vya harusi, apate kupima urefu wa pindo la gauni alilomshonea. Walimwita Sindano kwa sababu alikuwa mwembamba, na kwa sababu ukimgusa vibaya anachoma. Viatu aliviona. Lakini nyuma ya mlango aliona pia mfuko mrefu wa nailoni, wenye utepe wa dhahabu shingoni, akasahau viatu.

Mfuko ule aliujua. Ulitoka duka la barabara kuu linalokodisha magauni. Mwenye duka hilo ndiye aliyemwambia mwaka jana, mbele ya wateja, kwamba mikono yake ni ya viraka, si ya harusi.

"Humu ndani mna nini?"

Pacha wake alikuwa ndiyo kwanza ametoka kazini, kwenye tanuri la mikate, unga bado umemganda kwenye nyusi. Akakaa kitandani.

"Gauni."

"La nani?"

"La kukodi. Nitavaa mimi. Na usinitolee macho, nimezaliwa nayo, siyaogopi."

"Na langu je?"

"Lako ni zuri, pacha. Zuri mpaka linanitisha. Ila siwezi kukaa nalo. Pumzi inaishia hapa." Aligusa chini ya shingo. "Nilikwambia mara ya kwanza, ukasema nisimame wima. Nikakwambia mara ya pili, ukasema siku hiyo nisile. Mara ya tatu ukasema kuna watu wanabeba magunia kutwa na hawalalamiki."

Sindano alikumbuka. Tena alikumbuka kwamba lile la magunia aliliona limekaa vizuri mdomoni.

Dada mtu akainua mkono. Kwapani palikuwa na mchubuko mwekundu, mrefu kama kidole. "Hii ni ya juzi. Nililivaa dakika kumi."

"Kwa hiyo unakwenda kuolewa na nguo ya yule mama?"

"Nakwenda kuolewa nikiwa napumua."

Sindano alitoka bila viatu alivyofuata. Njia nzima alikuwa akijibizana na mwenye duka kichwani mwake, na kila jibu lilikuwa kali, na kila jibu lilifika kwenye ule mchubuko likakwama.

Kwenye kibanda chao cha ushonaji, shangazi yake alikuwa kwenye cherehani yake anashona vifungo. Katikati ya chumba lilisimama sanamu la mbao lisilo na kichwa, limevaa gauni. Hata akiwa na hasira, Sindano hakuweza kupita bila kulitazama. Kifua kimekazwa kwa vijiti vya plastiki vilivyojificha ndani ya mishono. Shanga zimeshuka kutoka mabegani hadi chini ya kiuno. Nyuma, mkia wa hatua saba. Alikuwa ameutangaza mkia ule mtaa mzima: kinyozi anajua ni hatua saba, muuza mkaa anajua ni hatua saba.

Alimweleza shangazi yote, kwa sauti ya mtu aliyeibiwa. Shangazi hakuinua kichwa.

"Wewe umeshalivaa?"

"Mimi?"

"Mlikuwa mnavaliana mashati mpaka mnamaliza shule. Kiuno chenu kimoja."

"Shangazi, nimelipima kwenye sanamu, sentimita kwa sentimita."

"Sanamu halipumui, mwanangu. Wala halijawahi kukaribishwa kiti."

Sindano akacheka kicheko kifupi cha dharau, akalivua sanamu, akaingia na gauni nyuma ya pazia. Alitaka kumwonyesha kwamba halina neno.

Zipu iligoma katikati. Shangazi akaziba pengo la mgongoni kwa pini, akamjaza kifuani matambara, akarudi nyuma kumtazama. "Mabega yako nayasamehe. Wewe niambie habari za kwapani na kiunoni tu. Haya, kaa."

Alikaa. Ncha mbili za vijiti zikamwingia mbavuni, kila upande moja. Akajinyoosha, shanga za nyuma zikawa kama kokoto alizozikalia.

"Okota ule mkasi."

Hakuweza. Alifika nusu ya njia, akarudi juu anahema.

"Basi," akasema. "Nimeelewa."

"Hujaelewa, umeonja. Mwenzako angelivaa kutwa. Wewe nakupa nusu saa. Suruali ya mwalimu ile pale, haina pindo."

Akashona pindo la suruali ndani ya gauni la harusi, mkia wa hatua saba umejikunja miguuni na kumvuta mabega nyuma kama mtoto anayetaka kubebwa. Ndipo mwenye suruali akaingia. Alikuwa mwalimu mstaafu, mtu wa tai na mwavuli. Akasimama mlangoni.

"Naona nimewakuta kwenye shughuli."

"Karibu, mwalimu," shangazi akasema. "Bado kidogo tu."

"Bwana harusi ana habari?"

"Mwalimu, naomba usinichekeshe," Sindano akasema taratibu. "Nikicheka naumia."

Mwalimu akamtazama vizuri, na tabasamu likamfutika usoni. "Pole, kijana," akasema, na alimaanisha.

Nusu saa ilipokwisha, Sindano alilivua gauni akajitazama kwenye kioo. Mbavuni alama mbili, kwapani mchubuko. Mahali pale pale pa dada yake. Akachukua simu.

"Nipe mpaka Ijumaa mchana," alimwambia pacha wake. "Hilo la kukodi usilirudishe. Ila usilivae."

"Kwa nini nikuamini safari hii?"

"Nina mchubuko kama wako. Kwapani."

"Umelivaa?"

"Mwalimu ni shahidi yangu."

Dada yake alicheka mpaka simu ikakatika, na Sindano hakujua kama ni mtandao au ni yeye aliyekata.

Kazi ilianza palepale. Alikata ncha za vijiti, akazivika vipande vya flaneli laini. Alifumua mshono wa lesi uliokuwa unakwaruza, akatandika ndani bitana ya pamba iliyofuliwa mara mbili. Kiunoni, kwa ndani, alipitisha utepe mpana wa kufunga, uzito wa sketi ukae kwenye nyonga na kuyaachia mabega. Shanga za kwapani na za makalio alizitoa moja moja. Zilikuwa kazi ya wiki mbili.

Bado gauni lilitaka upana, vidole vitatu kila ubavu, na kipande cha pembe nne kwapani ili mkono uinuke. Kitambaa hakikuwepo. Jora lilikwisha sokoni tangu mwezi uliopita.

"Tafuta kinachofanana," shangazi akasema.

"Kinachofanana kitajulikana."

Wote wawili walikuwa wanautazama mkia. Sindano akautandaza mezani, akaupima kwa kiganja, akashika mkasi. Alikata hatua nne. Zikabaki hatua tatu.

Ijumaa mchana pacha wake alifika akitokea tanurini, alikokuwa tangu alfajiri. Mkononi alibeba ule mfuko wa utepe wa dhahabu. Hakuuweka chini mpaka alipofika nyuma ya pazia.

Dada alipotoka amelivaa, Sindano hakulitazama gauni. Alizitazama mbavu za dada yake. Zilipanda, zikashuka, zikapanda tena, bila kukwama.

Dada aliinua mikono yote miwili. Aliinama, akaokota pini sakafuni, akamkabidhi. Akatazama nyuma yake.

"Mkia umekwenda wapi?"

"Unao. Uko ubavuni."

Aliupapasa ubavu, akaukuta mshono mpya. Vidole vikabaki pale.

"Na watu uliowaambia hatua saba?"

"Waje wapime."

Hakusema kama atalivaa kesho, naye Sindano, mwenye mdomo wa moto, hakuthubutu kumuuliza. "Ngoja nikae kidogo nisikie," akasema dada mtu, akakaa benchini. Akaegemea ukuta. Akavuta pumzi ndefu iliyofika mpaka chini. Baada ya dakika chache kichwa chake kilikuwa kimelala begani, mdomo wazi kidogo, unga bado kwenye nyusi.

"Mwamshe," shangazi akanong'ona. "Litakunjika."

"Pasi ipo."

Sindano akauchukua ule mfuko wa duka la barabara kuu, akautundika kwenye shingo ya sanamu. Kisha akaangalia kazi iliyobaki. Palikuwa na shati la kubana ubavuni, mshono wa dakika mbili kwa cherehani. Aliinua mguu kukanyaga cherehani, akamtazama dada yake aliyelala, akaurudisha chini. Akavuta uzi, akaupitisha kwenye tundu, akaanza kulishona kwa mkono.