Maksai Mweusi, Kichwa Cheupe

Marehemu Ebenyo ndiye aliyeandika daftari la kanda zetu zote, na mpaka leo namnunia kwa sababu ya daftari hilo. Tulifanya kazi pamoja miaka kumi na minane katika chumba hiki cha kuhifadhi filamu hapa Lodwar, tukipangusa ukungu na kuwatafutia watengeneza vipindi picha za zamani. Alikuwa mfugaji kwanza, mengine baadaye. Kanda ya harusi ya chifu aliiandika "mbuzi sita wa madoa." Nikilalamika, ananimiminia chai. Nayakumbuka mno mabishano yetu.

Mwezi uliopita alikuja Achol, mwanamke anayeuza nguo kambini Kakuma. Mwaka 1992, walipowasili kutoka Sudan, wapiga picha walimrekodi baba yake, Makuei, akiwa amembeba Achol, wakati huo mtoto mchanga. Ebenyo ndiye aliyewashikia maikrofoni. Kisha baba alirudi vitani na hakuonekana tena. Achol hajawahi kuiona sura yake, hata kwenye picha ya kitambulisho.

Nilipekua daftari siku nzima. Makuei hayumo. Nilipomwambia ukweli niliona mabega yake yakishuka, nikajichukia. Nikamtengenezea chai, nikamuuliza jina hilo lina maana gani, ilimradi tu tuongee.

"Ni ng'ombe," akasema. "Nyeusi, kichwa nyeupe. Kwetu mwanaume anaitwa jina ya ng'ombe yake."

Kikombe nusura kinidondoke. Kwetu Waturkana ni vivyo hivyo. Hata Ebenyo, rika lake walimwita Apaloreng, mwenye maksai mwekundu. Na mstari wake mmoja daftarini niliujua, nilikuwa nimeucheka mara nyingi: "Maksai mweusi, kichwa cheupe, Kakuma." Ebenyo aliuliza jina la mtu, akaambiwa na maana yake, akaandika maana hiyo kwa heshima zote alizokuwa nazo.

Kanda yenyewe ilikuwa kwenye boksi la kanda za mifugo, kando ya mlango. Nilikuwa nimelitenga likatupwe Ijumaa, maana hakuna anayeagiza picha za ng'ombe. Niliona haya kweli.

Niliisafisha taratibu, nikaitia kwenye mashine huku nikinakili kwenye kompyuta. Picha ilicheza mistari, ikatulia. Kijana mrefu, mtoto kifuani. Ng'ombe hakuna hata mmoja. Kisha sauti ya Ebenyo, bado ya ujana, ikauliza kutoka pembeni: "Na ng'ombe yako iko wapi?"

Mtu akamtafsiria. Makuei akacheka, akamwinua mtoto juu, akatuonyesha.

Achol aliweka kiganja kwenye kioo. Machozi yalimtoka bila sauti.

"Rudisha, mama," akasema.

Kanda kuukuu namna ile haichezwi mara mbili, isije ikakatika, na nakala ilikuwa bado haijakamilika. Ndiyo sheria niliyofundishwa na Ebenyo mwenyewe. Niliirudisha. Nami nilikuwa na mtu wangu mle ndani.