Shahidi Ndani ya Tipa

Rungu la kwanza lilimpata Pancha kwenye goti, na bado hakushuka. Alikuwa ameketi juu ya mzigo wake, ubavuni mwa tipa, buti zimezama mchangani, mikono imeng'ang'ania ukingo wa bodi.

"Shuka, wewe mzee!"

"Sishuki. Leo saa nane nasikilizwa. Mpaka hiyo saa nane mchanga huu hauguswi na mtu."

Jina la Pancha alipewa na wapakiaji, maana siku yake ya kwanza barabarani alipasua tairi tatu. Gari lilikuwa lake na mdogo wake wa kike, fundi cherehani aliyeuza mashine zake mbili ili lipatikane. Siku hizi anashona kwa mkono. Sasa hii ilikuwa siku ya tano gari limelala kwenye yadi ya magari yaliyokamatwa. Eti limebeba mchanga wa mto bila kibali. Kosa hilo likithibitika gari linataifishwa, ndiyo kwaheri, hakuna kuonana tena. Lakini sheria hiyohiyo, ambayo mkuu wa doria aliyelikamata gari alipenda kuisoma nusu, ilisema mzigo ukaguliwe kwanza, na kamati imsikilize mwenye gari.

Pancha hakuwahi kuchota mtoni. Mchanga wake ulitoka kwenye mashine ya kusaga mawe, na risiti alikuwa nayo. Mkuu wa doria aliichana palepale barabarani, akavipuliza vipande kama anapoza chai. Ushahidi ukabaki mchanga wenyewe. Na yeyote aliyewahi kushika koleo anajua: wa mto ni laini, unateleza mkononi; wa mawe una meno.

Mkuu naye aliwahi kushika koleo. Ndiyo maana asubuhi hii alikuja na askari wanne.

"Mwageni huo uchafu. Yadi imejaa."

"Si umeijaza mwenyewe, mkuu?" Pancha alisema kutoka juu. Askari mmoja akacheka kabla hajajizuia.

Kicheko hicho ndicho kilichomponza Pancha. Mkuu alipanda mwenyewe, akamnyang'anya yule askari rungu, akampiga Pancha mdomoni. Meno mawili yalitoka. Akampiga tena palepale, kisha akaruka chini na kumpungia dereva wa yadi aliyekuwa kwenye usukani.

"Nyanyua bodi!"

"Mkuu, mtu yumo."

"Kwani mimi kipofu? Nyanyua!"

Jeki ikanguruma. Mlango wa nyuma ukafunguka kwa kishindo, mchanga ukaporomoka, na Pancha akaporomoka nao, ukimchuna mgongo njia nzima. Alifukiwa mpaka kiunoni. Wakampiga hivyohivyo, mtu asiyeweza hata kukimbia, mbavu, mikono, kichwa. Mbwa hafanyiwi hivyo, jamani! Walipochoka walimvuta kwa kwapa wakamtupa pembeni, na katapila likausukuma mchanga wake kwenye lundo kubwa la mchanga wa mto, likauvuruga mpaka usijulikane upi ni upi.

"Haya," mkuu alisema akijifuta jasho. "Nenda sasa ukasikilizwe."

Dada mtu alimkuta getini, ameegemea ukuta. Akapiga magoti, akaanza kulegeza kamba za buti.

"Kaka, nikuvue nikuoshe. Hebu jione ulivyo!"

Pancha akampiga teke mkononi. Tangu wazaliwe hajawahi kumgusa.

"Mimi? Unanipiga teke mimi?" Machozi yakamtoka. "Basi nenda hivyohivyo na damu zako hizo!"

Lakini alimshika kiunoni, wakaenda.

Chumba cha kamati kilikuwa na meza ndefu, feni mbovu, wajumbe watatu na karani. Mwenyekiti alikuwa mama wa makamo mwenye miwani. Mkuu wa doria, shati limepigwa pasi upya, alisoma taarifa yake.

"Mzigo: mchanga wa mto. Ulimwagwa kwa sababu za usalama."

Mwenyekiti aliutazama uso wa Pancha kwa muda. "Mwenye gari, una la kusema?"

Pancha alifungua mdomo. Ulimi ulikuwa umevimba, ikatoka damu tu. Basi akakaa sakafuni, akaanza kuhangaika na kamba za buti la kulia.

"Mzee, hapa si chumbani kwako," karani alisema.

Pancha alilivua buti kwa mikono miwili, akainuka kwa kushika mguu wa meza, akalipindua juu ya faili. Mchanga ukamwagika, kiasi cha bakuli, wa kijivu, umelowa damu kidogo.

"Mheshimiwa, huo ameuokota huko nje..."

"Mkuu, sijakupa ruhusa ya kusema."

Mwenyekiti akavua miwani. Akachukua mchanga kidogo, akausugua kati ya kidole gumba na cha shahada. Akasugua tena, kwa nguvu zaidi, na kila mtu chumbani akausikia mchanga ukikwaruza.

Pale sakafuni, dada mtu alikuwa amepiga magoti, akimfungulia kaka yake kamba za buti la pili.