Sherehe ya Robo ya Deni

Stanslaus Mwigulu alikuwa mtu wa sherehe. Wengine husubiri harusi au kipaimara, yeye sababu aliipata popote. Alipotolewa kwenye lori la kumwagia maji barabara za mgodi na kupewa moja ya yale malori makubwa ya kubeba mawe shimoni, alichinja. Binti yake Nelly alipong'oka jino la kwanza, majirani walikunywa soda. Kwa hiyo mkewe, Nyamizi, hakushtuka siku alipomwambia wakiwa mezani:

"Mama Nelly, mwezi ujao mkopo wa nyumba unatimiza miaka mitano. Mitano katika ishirini ni nini?"

"Ni robo."

"Basi robo ya nyumba hii ni yetu. Jambo kama hilo haliwezi kupita hivihivi."

Nyamizi alimwongezea mchicha, akasema mbuzi siku hizi ni ghali. Lakini hakukataa. Ukweli ni kwamba na yeye ile robo ilikuwa imemkaa moyoni, na wanawake wenzake wa kikoba cha akiba walikuwa wameshaisikia.

Nyumba yenyewe ilikuwa Nyankumbu, pale Geita mjini. Waliinunua walipohama kutoka Kahama, wakati kazi za mgodi wa Buzwagi zilipokuwa zinaelekea ukingoni na Stanslaus akapata mgodi mwingine huku. Ilikuwa tayari, na bati jipya, na tangi la maji. Bei yake milioni sitini, na benki ikakubali kuitoa yote. Siku ya kwenda kuiona, Nyamizi aliingia jikoni, akakuta makabati ya mbao na marumaru mpaka nusu ya ukuta, akafungua kabati moja, akalifunga, akalifungua tena. Kuanzia hapo hakuna aliyemsikia akiuliza swali. Stanslaus yeye aliuliza moja tu. Alipoambiwa atakatwa laki saba na tisini kila mwezi, alitaka kujua mshahara utakaobaki utamtosha kula. Ulitosha. Wakaketi mbele ya afisa wa benki, karatasi zikafunuliwa moja baada ya nyingine, na wao wakawa wanaitikia "ndiyo" na "ndiyo" kama maharusi mbele ya padri.

Siku mbili kabla ya sherehe, mbuzi akiwa ameshafungwa nyuma ya nyumba, Stanslaus alipitia benki akitoka zamu. Alitaka karatasi yenye salio la deni, aisome mbele ya wageni. Hesabu yake ilikuwa nyepesi. Sitini ukitoa robo inabaki arobaini na tano.

Afisa mikopo wa sasa alikuwa dada mmoja mpole aitwaye Dorah. Alibonyeza kompyuta, akasubiri, akasema:

"Salio ni milioni hamsini na sita na laki nne na ushee, kaka."

Stanslaus alicheka kwa adabu. "Hapana, dada. Hiyo ni ya mtu mwingine. Mimi ni Stanslaus Mwigulu, wa Nyankumbu."

"Ndiye huyu. Stanslaus Mwigulu, Nyankumbu. Hujawahi kukosa rejesho hata mwezi mmoja. Hongera kwa hilo."

"Nimelipa miaka mitano."

"Ndiyo. Umelipa milioni arobaini na saba na kitu."

"Na deni limepungua milioni ngapi?"

"Tatu na nusu hivi."

Stanslaus aliitazama ile kompyuta kama mtu anayetazama ng'ombe aliyeuziwa kuwa ana mimba na kumbe ameshiba majani. Akauliza, kwa sauti ya chini sana, kama kuna mtu pale benki amewahi kukamatwa kwa wizi.

Dorah hakukasirika. Alivuta kiti, akamgeuzia kompyuta. "Sikiliza, kaka. Riba yako ni asilimia kumi na tano kwa mwaka, na inahesabiwa kwenye deni lililobaki. Mwezi wa kwanza deni lilikuwa milioni sitini. Riba ya mwezi ule peke yake ilikuwa laki saba na nusu. Wewe ulileta laki saba na tisini. Ondoa riba, kilichokwenda kupunguza deni ni elfu arobaini."

"Elfu arobaini."

"Mwezi uliofuata zaidi kidogo. Na unaofuata zaidi kidogo tena. Mwanzoni karibu chote ni riba, mwishoni karibu chote ni deni lenyewe. Ndivyo mikopo ya miaka mingi ilivyo."

"Kwa hiyo nikienda hivi mpaka mwisho, nyumba ya milioni sitini nitakuwa nimeilipia ngapi?"

"Kama mia na tisini."

Stanslaus alihesabu kwa vidole. Nyumba tatu, akawaza. Nimenunua nyumba tatu na ninalala kwenye moja.

"Ila hamjalala nje miaka yote hiyo," Dorah alisema, kama aliyemsoma. "Na nyumba za Nyankumbu zimepanda bei. Sikuambii umefanya vibaya. Nakuambia usikae tu ukihesabu miaka. Mkataba wako unaruhusu kulipa zaidi ya rejesho bila faini. Kila unachoongeza kinakwenda moja kwa moja kupunguza deni, na riba ya mwezi unaofuata inashuka. Ukiongeza laki tatu kila mwezi kuanzia sasa, ile miaka kumi na mitano iliyobaki inakuwa saba."

Alimwandikia salio kwenye karatasi. Stanslaus aliikunja mara nyingi mpaka ikawa ndogo kama ya kukunjia ugoro.

Nyumbani Nyamizi alimkuta amesimama jikoni, mkono juu ya kabati, akilipapasa.

"Limelegea?"

"Hapana. Zuri tu."

"Baba Nelly, unaumwa?"

"Zamu ilikuwa ndefu."

Angeweza kuahirisha. Lakini mama yake, Bibi Mageni, alikuwa ameshapanda basi kutoka Mhunze, Kishapu, na mfuko wa michembe, vile viazi vitamu vilivyokaushwa, na mama anayetoka Kishapu kuja kula nyama haambiwi na mtu yeyote kwamba nyama imeahirishwa. Jumamosi mchana wageni walifika. Walikuwepo majirani, madereva wenzake watatu na wanawake wa kikoba. Alikuwepo pia Luka, kaka yake Nyamizi, muuza spea za pikipiki kule Katoro. Huyu Luka alikuwa na haki zote za ushemeji na hakuacha hata moja ilale.

Walipokaribia kumaliza kula, Luka alisimama na chupa ya soda.

"Wazee wangu shikamooni."

"Marahaba."

"Mimi nimekuja kwa jambo moja. Shemeji yangu ametuita tuone robo ya nyumba. Nimezunguka toka asubuhi naitafuta. Shemeji, tuoneshe basi. Robo yako ni ipi? Ni sebule? Kama ni sebule, sisi tuliokaa hapa tu wageni wako. Lakini mama yangu mdogo yuko chumbani anaongea na simu. Nataka kujua yuko kwa nani."

Watu walicheka. Stanslaus alicheka pia, na alikuwa na maneno tayari. Alikuwa ameyapanga usiku kucha, maneno ya juujuu kuhusu safari ndefu na hatua moja. Akasimama. Akamwona mama yake amekaa kwenye kochi, amevaa kitenge kipya, anamtazama kama siku ile alipopata leseni. Maneno aliyoyapanga yakampotea yote.

"Sebule si yangu," akasema.

"Chumba basi."

"Wala chumba." Akajikohoza. "Shemeji, juzi nilikwenda benki. Kwa hesabu yao, mimi nina choo. Na si chote. Nadhani sinki bado ni lao."

Safari hii kicheko kilikuwa kikubwa zaidi, maana wote walidhani anatania. Kilizimika kidogo kidogo, kila mmoja akimtazama usoni na kuacha. Wa mwisho kuacha alikuwa Luka.

Stanslaus akawaambia yote, riba, zile elfu arobaini za mwezi wa kwanza, na mia na tisini za mwisho wa safari. Alizungumza akiwa amesimama, mikono nyuma, kama mtoto anayesomewa matokeo. Nyamizi alikuwa mlangoni na beseni la kunawia. Hakuweka beseni chini mpaka mumewe alipomaliza.

Bibi Mageni ndiye aliyeuliza kwanza. "Ng'wanone, mwanangu, wanakufukuza?"

"Hapana, mama. Nikilipa hawanifukuzi."

"Na huyu mbuzi amelipiwa?"

"Amelipiwa, mama."

"Basi kaeni mle nyama," akasema, akachukua mfupa.

Dereva mmoja, Gregory, kijana aliyekuwa na mchumba na barua ya mkopo wa benki mfukoni, hakula tena. Alimvuta Stanslaus pembeni akamuuliza asilimia ngapi. Majirani wawili wakaanza kubishana kama ni bora kujenga tofali kwa tofali. Mmoja alisema yeye amejenga hivyo miaka tisa na bado ni mpangaji, na mwaka huu saruji imemshinda. Luka alipoona mambo yanakuwa mazito, akatangaza kwamba kuanzia siku hiyo atakayetaka kwenda msalani amwombe ruhusa mwenye mali. Watu wakarudi kucheka, na sherehe ikaenda mpaka magharibi.

Kesho yake, baada ya ibada, Nyamizi alimkuta mumewe uani anaosha masufuria. Hilo lenyewe lilikuwa tangazo.

"Umenificha siku mbili," akasema.

"Nilitaka upike kwa amani."

"Nikapika kwa amani, nikaaibika mbele ya kikoba kizima. Wiki iliyopita nimemwambia Violeth, mwenzangu wa kikoba, kwamba mtu asiye na nyumba asinifundishe kuweka akiba."

Stanslaus alisugua sufuria ambalo lilikuwa limeshatakata. "Samahani, Mama Nelly. Mimi ndiye niliyepaswa kuuliza."

Nyamizi alikuwa amejiandaa kwa ubishi, na ile samahani ilimharibia mpango. Akavuta kigoda akaketi. Akasema, "Na mimi nilikuwepo. Nilikuwa nafungua makabati."

"Mara ngapi vile?"

"Usinianze."

Wakacheka wote wawili, bila nguvu nyingi. Kisha wakaanza kupanga, na hapo ndipo penye maumivu. Stanslaus alikuwa na milioni nane alizokuwa anaweka taratibu kwa ajili ya gari. Gari lenyewe alikuwa ameshalichagua, rangi ya fedha, na picha yake ilikuwa kwenye simu. Alimwonesha mkewe picha ile mara ya mwisho, kama mtu anayeonesha picha ya marehemu. Halafu akasema angepeleka zile nane kwenye deni, na kila mwezi laki mbili kutoka posho ya zamu za usiku. Nyamizi, aliyekuwa na meza ya mchele sokoni, alisema laki moja ni yake.

"Si lazima," Stanslaus akasema.

"Jiko ni langu. Nalilipia mwenyewe."

Jumatatu walikwenda benki wote wawili. Kijana wa dirishani alitaka kuzipokea zile nane kama marejesho ya miezi ijayo. Stanslaus akamwambia hapana, zikapunguze deni lenyewe. Kijana akasema ni kitu kilekile. Nyamizi akamwambia, kwa upole wa mtu anayepima mchele na anajua mteja anamtazama mkono, kwamba kama ni kitu kilekile basi aandike wanavyotaka wao. Dorah akaitwa, akaandika vizuri. Kwa mpango huo, alisema, watamaliza ndani ya miaka sita.

"Sita," Stanslaus akarudia. Alilipenda neno hilo. Njiani alilisema tena, na Nyamizi akamwonya kwamba akisikia habari ya sherehe ya nusu ya deni, atamrudisha kwao Mhunze pamoja na michembe.

Hakufanya sherehe tena. Alipata ugonjwa mwingine, mbaya kuliko ule. Alianza kufundisha. Kwenye kantini ya mgodi, mtu akitamka neno "mkopo" tu, Stanslaus huhama na sahani yake kuja kukaa naye. Humuuliza jumla atakayolipa mpaka shilingi ya mwisho ni ngapi. Aliyezoea kujibu kwa rejesho la mwezi huambiwa anywe maji kwanza. Wenzake wamejifunza kuzungumzia mpira.

Gregory ndiye pekee aliyemsikiliza mpaka mwisho. Alirudi na barua yake benki, akauliza jumla, akatajiwa. Stanslaus alitegemea kijana ataacha kabisa. Hakuacha. Alichukua mkopo wa nyumba ndogo zaidi, vyumba viwili, wa miaka kumi, na rejesho lililombana kuliko alivyopanga. Harusi ikasogezwa mbele.

"Mchumba wangu anauliza nani kanishauri," alimwambia Stanslaus wakingoja basi la zamu.

"Umemwambia?"

"Nimesema ni mzee mmoja wa kazini."

Stanslaus alifikiria neno "mzee" kwa muda, akaamua kulipokea. Basi likaja, wakapanda, na Gregory akakaa kiti cha mbele kabisa, mbali naye, ili alale.