Mashine Iliyokuwa Kabati la Sufuria

...na haya maji bado hayashuki, yamesimama tu ndani ya mashine ya kuoshea vyombo, yana mafuta na punje za wali, na mimi nimelala chali chini ya sinki, kichwa kati ya sabuni na ndoo, mtu mzima na sare ya kazi bado mwilini, Euphrasia amenishikia tochi lakini anamulika magoti yangu, "Mulika huku juu, Euphrasia," "Samahani dada, nilikuwa namwangalia shemeji, naona kama anataka maji," hataki maji, mume wangu namjua, akitaka maji hutazama bomba, sasa anatazama huku chini niliko, Phineas, kwenye kiti chake cha magurudumu mlangoni pa jikoni, mkono wa kulia umelala mapajani, tangu alipopigwa na kiharusi mwezi wa tatu hajasema neno la kueleweka, ni eee na aaa tu, na yule binti wa tiba ya usemi huja na kadi zake za picha, apple, cat, house, Phineas anazitazama kama mtu anayeonyeshwa picha za harusi ya watu asiowajua, binti anatikisa kichwa, anaandika, na yule mama wa ustawi wa jamii pale hospitali ameniambia kwa upole kwamba huenda mwenyewe hayumo tena, Aketch, ifikirie ile nyumba ya wagonjwa kule Germantown, nipe jibu Jumatatu... Jumatatu, yaani keshokutwa, na mimi kazi yangu ni hiyo hiyo, kulisha na kuogesha wazee wa watu, nikimshika mzee mkono najua kama bado yumo au ameshaondoka, ila huyu wangu sijui, huyu namshika mkono na ninachosikia ni moyo wangu mimi... "Dada, si u-try ku-reset, kile kitufe chekundu cha disposal hapo chini?" nimeshakibonyeza, inanguruma vizuri, inasaga, shida si hii mashine ya kusagia mabaki, hii aliifunga Phineas mwenyewe mwaka tuliohamia Gaithersburg, fundi alimkataa, akasema fundi wa nini na mimi nimekulia karakana ya reli Kisumu, akalala hapa hapa nilipolala Jumamosi nzima, karatasi ya maelezo kifuani, anaimba, akatoka na vumbi hadi kwenye nyusi, akanisagia ganda la ndizi nione, nikampigia vigelegele peke yangu jikoni, na mpaka leo haijatusumbua, ukiacha ile siku ya mabua ya sukuma wiki, ni hii nyingine ya kuoshea vyombo ambayo hakuna aliyeijua, sisi kwetu ilikuwa kabati la sufuria, kama kwa kila Mkenya wa huku Marekani ninayemjua kutoka hapa mpaka Oxon Hill, unaosha kwa mikono yako uliyopewa na Mungu, unapanga humo vikauke, kuiwasha ni uvivu, mama mkwe akisikia atasema nini... mpaka leo mchana Euphrasia aliponikuta nimesinzia nimesimama, mikono ndani ya povu, akaanza kutoa sufuria moja moja bila kuniuliza, "Dada, kaa chini, mashine ipo, acha ioshe," akapanga vyombo, akaiwasha, akanipakulia maharage ya nazi aliyokuja nayo, Mtanzania wa watu, tumejuana kwenye kwaya tu, na wale wa damu wananitumia pole kwa simu, akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki, na sijamwambia asante sawasawa, nikitoka hapa nitamwambia, asante kwa maharage, asante hata kwa hii tochi inayomulika magoti... haya, maji yanatakiwa kupita kwenye mpira huu, yatoke mashine ile yaingie kwenye hii, yateremke pamoja na mabaki, nimelegeza kibano, nimeuchomoa mpira, umenimwagia shingoni, nimeupuliza, uko wazi, "Lete tochi sasa, hapa hapa," nachungulia mdomo wa mashine ya kusagia ulipokuwa umechomekwa mpira, na ninachokiona ni ukuta, ukuta mweusi wa plastiki, mzima, haujatobolewa, kiwandani huuacha umezibwa na anayeifunga ndiye hugonga akatoboa, na Phineas hakugonga, yeye, bwana wa kuhakikisha, bwana Umezima, umezima pasi, umezima jiko, umezima hita, tuko barabara ya 270 tumeshachelewa kanisani naye anauliza umezima, anatafuta pa kugeuzia gari, nami nanuna mpaka mahubiri yaishe, bwana huyo huyo aliacha ukuta, na miaka yote hii sufuria zikamfichia aibu, nacheka, nacheka mpaka paji la uso linagonga bomba, "Dada, kuna nini?" "Shemeji yako alisahau kutoboa," "Kutoboa nini?" "Shimo la maji ya dishwasher, hakulitoboa, tangu siku ya kwanza," "Jamani shemeji," naye anacheka, na kuna sauti ya tatu pia, kikohozi au kicheko, sijui, huku chini naona magurudumu tu, yamesogea karibu, "Nipe kitu kirefu cha kugongea, kisu, chochote," "Bisibisi," haya, droo inafunguliwa, mkono wa Euphrasia unaniletea bisibisi, unaniletea nyundo, naweka ncha kwenye ukuta, nikigonga kipande kitaangukia ndani, itabidi niingize vidole penye meno nikitoe, sawa, nagonga sasa... ngoja. Ile sauti ilikuwa nzito. "Euphrasia, nani amesema bisibisi?" mwanga wa tochi unahama, "Si mimi, dada," anasema polepole, "ni shemeji." Bisibisi. Si apple, si cat, nani aliwaambia Phineas anahitaji paka, wamemwonyesha matunda miezi yote na yeye alikuwa anasubiri mtu ashike kazi ya maana, amesikia shimo, amejua ni shimo gani, amejua la kulitobolea, yumo, Phineas yumo, alikuwa humo wakati wote akitutazama na kadi zetu, Ee Mungu asante, asante kwa ukuta huu, asante kwa maji machafu, asante kwa Euphrasia na uvivu alionifundisha, Jumatatu nitamwambia yule mama hapana, anabaki kwake, na nisitoke kwanza, nisimshtue, nibaki hivi hivi nimeshika bisibisi hewani, machozi yanateremkia masikioni, na magurudumu yamesogea tena, yamefika kwenye miguu yangu, na anavuta pumzi ile ndefu, naijua ile pumzi, "U..." anasema, inamponyoka, anaitafuta, inarudi, "Umezima?" na waya wa mashine ya kusagia uko hapa mbele ya pua yangu, umechomekwa ukutani, sijazima, Phineas, sijazima, na sitaki kukujibu haraka, nataka uniulize tena.