Picha ya Mama Sebuleni kwa Hans

"Mchore Mama kama siku ya harusi yake," kaka yangu Hans aliniamuru, hata salamu hakunipa. Alikuwa amesimama mlangoni mwa kibanda changu cha kuchorea, mtaani Kwa Mrombo, viatu vikimeremeta. "Ibada ya kumkumbuka ni Jumamosi, kwangu."

Mama alinirithisha Kiirwa, lugha ya kuzungumza na rangi mbichi. Ukiisema, uliyemchora anarudi kwenye umri unaoutaja, na anaishi humo pichani. Rangi ikikauka, umri huo haubadiliki tena.

Miaka mitatu Mama alilala kitandani kule Makumira, mimi nikimlisha na kumwogesha. Hans hakukanyaga. Alituma sabuni na nepi kwa bodaboda.

"Sawa, kaka," nilimjibu, moyoni nikisema utanikoma.

Nilimchora Mama, kisha nikaiambia rangi imrudishe kwenye mwaka wake wa mwisho: kitandani, mifupa mitupu, macho mlangoni.

Jumamosi, mbele ya mchungaji na ukoo mzima, Hans aliondoa kitenge kilichofunika picha. Watu wakaguna. Pale ukutani Mama akageuza kichwa polepole, akamwona. Nikasubiri amlaani.

Mama akajivuta hadi ukingoni mwa kitanda, akapigapiga godoro, kumwonyesha mwanawe pa kukaa.

Hans alipiga magoti, akalia kama mtoto. Mimi nilitoka nje nimefura. Miaka mitatu nilimgeuza yule mama kwa mikono yangu hii, kwa sababu aliniambia hawezi kusogea hata kidogo.