Mto Uliohama

Fundi cherehani alikuwa amechoka kungoja wateja wavuke mto kwa mtumbwi. Kila siku alimwomba mumewe wahamie ng'ambo, mjini, na kila siku mume akajibu, "Mimi hapa sing'oki."

Mafuriko yalipokuja walikimbilia mlimani, cherehani kichwani. Maji yalipopungua walirudi, wakakuta nyumba imesimama, lakini mto umekata kona na kujichimbia njia mpya nyuma ya nyumba hiyo. Mkondo wa zamani ulibaki mchanga mtupu, na kwenda mjini sasa ni kutembea tu. Wateja wawili walishafika mlangoni na vitambaa vyao.

Mume akatunisha kifua. "Si nilikwambia hatuhami, mama watoto?"

"Kaa na ubishi wako, baba," alisema mkewe akitua cherehani. "Mwenzio mto umenisikia."